Ngoma Zilizosafiri Bila Maneno: Tahakiki ya Santuri ya "Musique du Burundi" na Vizazi Vyake Ughaibuni

Utangulizi

Katika kufundisha fasihi simulizi, kila mmoja wetu amewahi kuandika ubaoni kwamba utendaji una fanani, hadhira, mahali na tukio, na kwamba ukiondoa kimojawapo kazi hupungukiwa. Wanafunzi hunakili, hukariri na kujibu mtihani. Ni mara chache tunawaonyesha mfano hai wa kazi iliyoondolewa vyote hivyo, ukabaki mlio peke yake, kisha mlio huo ukawajengea watu wengine jina na mali. Mfano huo upo, tena haupo mbali. Upo kwenye vilima vya Burundi.

Makala hii inatahakiki santuri iitwayo "Musique du Burundi". Ilirekodiwa na Mfaransa Michel Vuylsteke mwaka 1967 na kutolewa na Ocora, chapa ya santuri ya redio ya taifa ya Ufaransa. Ndani yake mna ngoma, inanga, ala nyingine za nyuzi, na maamkizi ya kuimbwa ya wasichana. Kipande cha ngoma ndicho kilichosafiri. Kilipita Ufaransa na Uingereza, kikafika Marekani, na kwa zaidi ya miaka kumi kilisikika ndani ya muziki wa pop wa nchi hizo.

Suala la fedha katika kisa hiki limekwisha kuandikwa na wengi, na ni la haki. Hoja yangu hapa ni nyingine. Nadai kwamba hasara iliyotangulia ile ya fedha ilikuwa hasara ya maneno, na kwamba sisi walimu wa lugha tunaiendeleza hasara hiyo bila kukusudia.

Ngoma na ingoma

Tuanze na neno lenyewe. Msemaji wa Kiswahili anaposema ngoma huweza kumaanisha chombo, mchezo, au sherehe nzima. Kirundi kina neno ingoma, la shina hilohilo, lakini maana yake imepanda ngazi nyingine. Ingoma ni ngoma, na ingoma vilevile ni ufalme, ni enzi ya mtawala. Jambo hili si geni kabisa kwa watu wa pwani, kwani Mwinyi Mkuu wa Unguja naye alikuwa na ngoma na siwa zilizokuwa alama za mamlaka yake. Tofauti ni kwamba katika Kirundi alama na kitu chenyewe vimekuwa neno moja.

Kitenzi nacho kina la kutufundisha. Sisi tunapiga ngoma. Warundi huvuza ingoma. Kuvuga ni kusema au kutoa sauti, na kuvuza ni mnyambuliko wake wa kusababisha. Kwa hiyo anayevuza ngoma anaisemesha. Hata mti unaochongwa huitwa umuvugangoma, jina lenye kitenzi hichohicho ndani yake. Viungo vya ngoma vina majina ya mwili na mapambo ya mama: urugori ni taji la mwanamke aliyezaa, amabere ni matiti, inda ni tumbo, na umukondo ni kitovu. Mtu akiyatafsiri majina haya anagundua kwamba mbele yake kuna mama anayesema.

Utaratibu wa uchezaji unathibitisha hayo. Ngoma hupangwa nusu duara, na idadi yake huwa witiri. Ngoma iliyo katikati, inkiranya, ndiyo kiongozi. Amashakwe hushikilia pigo lisilokatika, na ibishikizo huifuata inkiranya kila inapobadili mwendo. Wachezaji, yaani abatimbo, huingia uwanjani wamebeba ngoma vichwani, wakizivuza na kuimba. Kisha hupokezana kwenye inkiranya. Kila anayeifikia huruka, hucheza, hutamba na kutamka maneno, na wenzake humjibu. Kwa istilahi zetu za darasani, hapa pana majigambo, pana wito na kiitikio, na pana fanani anayebadilika mbele ya hadhira.

Kilima cha Gishora, kilomita chache kutoka mji wa Gitega, ndicho kinachojulikana zaidi kwa utamaduni huu. Kinahusishwa na Mwami Mwezi Gisabo, aliyetawala kuanzia karne ya 19 hadi alipofariki mwaka 1908. Ngoma mbili za hapo zina majina yao: Ruciteme, ngoma ambayo watu huifyekea msitu, na Murimirwa, ngoma ambayo watu huilimia. Majina hayo yanatupeleka shambani na kwenye umuganuro, sherehe ya mtama iliyokuwa nguzo ya mwaka wa kifalme. Tukumbuke hili, maana huko mbele tutakuta ngoma hizi zikiitwa kwa jina jingine kabisa.

Jambo la mwisho kuhusu historia ni wakati. Mnamo Novemba 1966 Michel Micombero aliuondoa ufalme na kutangaza jamhuri. Vuylsteke alirekodi mwaka uliofuata. Alizikuta ngoma ambazo maana yake ya pili, yaani ufalme, ilikuwa imeondolewa kwa tangazo hilo. Mlio ulibaki, na neno likabaki na nusu ya maana yake.

Yaliyomo katika santuri

Santuri kama kazi ya uhifadhi inastahili sifa. Kwa vifaa vya wakati ule sauti ni safi, na uteuzi wa vipande ni mpana. Anayeisikiliza yote, badala ya kurukia ngoma, atakutana na Burundi yenye sauti nyingi, na sauti nyingi kati ya hizo ni za chini.

Chukua mfano wa inanga ya kunong'ona. Mwimbaji hupiga nyuzi za ala yake huku akinong'ona masimulizi. Kirundi ni lugha yenye toni, na mnong'ono hauna toni. Ajabu ni kwamba msikilizaji husikia kama sauti ya mtu inaimba. Mtafiti Cornelia Fales amelieleza jambo hili kuwa aina ya kiinimacho cha masikio: nyuzi za inanga hutoa kiimbo ambacho mnong'ono umekikosa, na sikio huviunganisha viwili kuwa kimoja. Ala inabeba nusu ya neno na mdomo unabeba nusu nyingine. Ondoa ala, utabaki na mnong'ono. Ondoa maneno, utabaki na nyuzi. Sidhani kama kuna mfano bora zaidi wa kumwonyesha mwanafunzi kwamba katika fasihi simulizi lugha na muziki havitenganishwi kwa kisu.

Mfano wa pili ni akazehe, maamkizi ya wanawake na wasichana. Katika santuri yamo yale ya msichana mmoja na yale ya wasichana wawili. Wawili hao husalimiana kwa kuimba, sauti ya mmoja ikiingia katika mapengo ya sauti ya mwingine kwa kasi, hadi msikilizaji ashindwe kujua nani ametamka silabi ipi. Kuna mikoa inayoyaita kwa majina mengine, lakini msingi ni uleule: salamu na dua za heri zinazogawanywa kati ya watu wawili.

Vipande hivi havikupata bahati ya ngoma, au tuseme havikupata msiba wa ngoma. Nafikiri sababu ni kwamba vimeshikamana na maneno mno. Mtayarishaji wa muziki wa pop huko Paris au London hana la kufanya na mnong'ono asiouelewa. Lakini ngoma, hata asipoelewa kitu, itamtikisa.

Safari ya ughaibuni

Kabla ya kufuata ngoma hizi tukumbuke kwamba Marekani ilikwisha kuzoea kujenga muziki wake juu ya rekodi za nyanjani. Mwaka 1933 John Lomax na mwanawe Alan walimrekodi mfungwa Lead Belly katika gereza la Angola, jimbo la Louisiana. Wimbo aliowaimbia, "Goodnight, Irene", ulikuja kushika nafasi ya kwanza mwaka 1950 ukiimbwa na kundi la The Weavers, miezi michache baada ya Lead Belly kufariki. Njia ilikuwa imefunguliwa: mtafiti hurekodi kijijini au gerezani, msanii wa mjini husikiliza, na wimbo hupata maisha ya pili ambayo mwenyewe hayaoni.

Warundi, kwa kweli, walikuwa wamekwisha kwenda Marekani wenyewe. Wachezaji na wapiga ngoma kutoka Burundi walionekana katika Maonyesho ya Dunia ya New York mwaka 1964. Lakini kundi la watu likisafiri lina kiongozi, lina majina, na linaweza kuulizwa swali. Santuri haiulizwi.

Kizazi cha kwanza cha santuri yetu kilitoka Ufaransa mwaka 1971, kikiitwa "Burundi Black" na kutolewa kwa jina la Burundi Steiphenson Black. Mwanamuziki huyo aliichukua rekodi ya ngoma na kuiwekea piano na magita juu yake. Kibao hicho kiliingia katika orodha ya mauzo ya Uingereza. Kikitahakikiwa kama muziki, ni kazi nyepesi. Piano haizungumzi na ngoma, inazipanda mgongoni. Mwaka 1981, kibao hicho kilipotolewa upya kwa matengenezo mapya, mwandishi Robert Palmer wa gazeti la New York Times alilalamika kwamba wapiga ngoma wenyewe hawakuwa wamepata kitu. Baadaye mtaalamu wa anthropolojia ya muziki, Steven Feld, alikitumia kisa hicho katika hoja zake kuhusu namna rekodi za nyanjani zinavyogeuka bidhaa.

Kizazi cha pili ndicho kikubwa zaidi kwa thamani ya sanaa. Ni wimbo "The Jungle Line" wa Joni Mitchell, mzaliwa wa Kanada aliyefanya kazi zake Marekani, uliotoka mwaka 1975 katika albamu "The Hissing of Summer Lawns". Mitchell alitwaa kipande cha ngoma, akakifanya kijirudie mwanzo hadi mwisho, na juu yake akaweka gita na kinanda cha elektroniki cha Moog. Mara nyingi wimbo huu hutajwa miongoni mwa kazi za mwanzo za pop kutumia kipande cha rekodi ya wengine kwa namna hiyo, njia ambayo baadaye ilikuja kuwa uti wa mgongo wa hip hop.

Sitaki kumwonea Mitchell. Wimbo wake una fikra. Unamhusu mchoraji Henri Rousseau, ambaye alichora misitu ya kitropiki ilhali hakuwahi kutoka Ufaransa. Unauweka msitu huo wa kufikirika ndani ya mji wa kisasa, kwenye vilabu vya usiku na muziki wa jazi. Kwa maneno mengine, wimbo wenyewe unaizungumzia tamaa ya watu wa mjini kuota msitu wasioujua. Huo ni uhakiki, na ni uhakiki mkali. Lakini mshairi aliyeifichua ndoto hiyo amejikuta amelala ndani yake. Ngoma katika wimbo wake zimetajwa kama ngoma za vita za Burundi. Tumekwisha kuona majina ya ngoma za Gishora: mojawapo ni ya kufyeka, nyingine ni ya kulima. Nani aliyezifanya za vita? Ni sikio lisilo na maneno. Asiyejua ngoma inasema nini hujaza pengo kwa kile anachodhani Afrika husema.

Kuna jambo la kiufundi pia. Kipande kinapofanywa kijirudie, uhusiano wa ngoma unapinduliwa. Inkiranya hugeuza mwendo na ibishikizo hufuata, na hayo ni majibizano. Katika kipande kinachojirudia hakuna tena wa kuongoza wala wa kufuata, na hata kiongozi anageuka amashakwe. Ni sawa na kumkata mtu katikati ya sentensi, kisha kuirudia silabi yake mara mia na kusema kwamba tumemnukuu.

Kizazi cha tatu kilizaliwa Uingereza. Malcolm McLaren, aliyewahi kuwa meneja wa Sex Pistols, alimpa mwimbaji Adam Ant kanda yenye "Burundi Black". Kisha aliwachukua wanamuziki wa Adam na kuunda kundi la Bow Wow Wow. Adam naye aliunda kundi jipya lenye wapiga ngoma wawili, akatoa albamu "Kings of the Wild Frontier" mwaka 1980, nayo ikashika nafasi ya kwanza Uingereza mwaka 1981. Waandishi wa muziki wakaanza kuzungumza juu ya "mapigo ya Burundi" kama vile ni mtindo wa nguo. Mwaka 1982 Bow Wow Wow waliurudia wimbo wa Kimarekani wa mwaka 1965, "I Want Candy", kwa mapigo yao hayo. Marekani ikarudishiwa wimbo wake ukiwa umevishwa ngoma, na vijana waliouona kwenye televisheni ya MTV hawakuwa na sababu ya kuuliza juu ya mji uitwao Gitega.

Hapa lazima tuwe waadilifu. Makundi haya ya mwisho hayakukata kanda ya mtu. Yaliiga kwa mikono yao, na kuiga ndiyo njia ambayo muziki wote umekuzwa nayo, ukiwemo taarab wetu uliochota Misri na kwingineko. Tena umaarufu huo ulisaidia kuwafungulia milango Warundi wenyewe. Mwaka 1982 wapiga ngoma wa Burundi walitumbuiza katika tamasha la kwanza la WOMAD huko Shepton Mallet, Uingereza, na kundi la Echo & the Bunnymen likapanda jukwaani pamoja nao. Hadhira iliwaona wakiingia na ngoma vichwani. Iliwaona pia wakifungua midomo, na pengine huo ndio wakati wengi walipogundua kwamba ngoma hizo zina maneno.

Jina katika daftari

Je, ilikuwa lazima iwe hivyo? Mifano miwili inaonyesha kwamba haikuwa lazima.

Mwaka 1959 Alan Lomax aliwarekodi wafungwa wakikata kuni katika gereza la Parchman, Mississippi. Aliyeongoza wimbo "Po' Lazarus" aliitwa James Carter, na Lomax aliliandika jina hilo. Mwaka 2000 rekodi hiyo ilitumika katika filamu "O Brother, Where Art Thou?", na santuri ya filamu ikauzwa kwa mamilioni. Wasimamizi wa hazina ya Lomax wakaanza kumtafuta Carter. Walimpata Chicago na mwaka 2002 akakabidhiwa hundi ya dola 20,000. Alikuwa ameshasahau hata kwamba aliwahi kurekodiwa. Kilichomwokoa ni mstari mmoja wa wino katika karatasi za mtafiti.

Mfano wa pili ni wa hapa Afrika Mashariki. Mwaka 1950 Hugh Tracey alirekodi huko Kapkatet, Kenya, nyimbo za Wakipsigis zilizoitwa "Chemirocha". Jina hilo ni matamshi ya Kikipsigis ya Jimmie Rodgers, mwimbaji wa Kimarekani ambaye santuri zake zilikuwa zimefika vijijini. Hapa mkondo ulikwenda kinyume: Marekani ilisikika Kapkatet, na vijana wa Kapkatet wakamfanya Mmarekani kuwa kiumbe wa nyimbo zao. Lakini wao hawakumnyang'anya jina. Walilitamka kwa lafudhi yao, na mpaka leo tunajua wanamwimba nani. Mwaka 2015 watafiti walizirudisha rekodi hizo Kapkatet na kumkuta mzee mmoja wa waliorekodiwa akiwa bado hai. Rekodi zilirudi kwa sababu zilikuwa na jina la mahali, jina la wimbo na maelezo ya watu.

Katika safari ya ngoma za Burundi, santuri za pop hazikumfikishia msikilizaji jina la mtimbo hata mmoja. Zilimfikishia jina la nchi. Nchi haiwezi kupokea hundi, wala haiwezi kusema, "Hapana, hizi si ngoma za vita."

Urithi na kibali

Mwaka 2014 UNESCO iliiingiza ngoma ya kifalme ya Burundi katika orodha ya urithi wa binadamu usioshikika. Maelezo ya orodha hiyo yanataja ngoma, uchezaji, ushairi wa kishujaa na nyimbo, vyote pamoja. Kwa mhakiki wa fasihi huo ni ushindi, maana maneno yalirudishwa mahali pake, japo katika karatasi.

Mnamo Oktoba 2017 ilitolewa amri ya rais kuhusu ngoma hizo. Iliwazuia wanawake kuzipiga, ikataka vikundi viwe na kibali cha wizara, na ikaweka malipo ya faranga 500,000 kwa maonyesho yasiyo ya kiserikali. Mtu anaweza kuona nia ya kulinda urithi usitapanywe tena, na baada ya yale tuliyoyasimulia juu hatuwezi kuidharau nia hiyo. Hata hivyo, Kirundi chenyewe kinaleta swali. Ngoma yenye matiti, tumbo, kitovu na taji la uzazi ni ngoma ambayo lugha imekwisha kumpa mama. Anayetafuta kuilinda mila hana budi kuisikiliza pia lugha ya mila hiyo. Kibali kinaweza kueleza nani acheze wapi na kwa kiasi gani. Kinachosemwa na ngoma hakiwezi kulindwa kwa kibali. Hulindwa na watu wanaokijua.

Darasani: kutoka Gitega hadi Muyinga

Hapa ndipo nataka tujitazame sisi wenyewe. Niliwahi kuwasikilizisha wanafunzi wangu wa Kiswahili hapa Gitega kipande cha ngoma cha santuri hii, nikawauliza wanasikia nini. Majibu yalikuwa "nguvu", "furaha", "Burundi". Hakuna aliyetaja neno lolote lililotamkwa, ilhali Kirundi ndiyo lugha waliyonyonya. Nikaona aibu, kwa sababu hata mimi nilikuwa nimekichagua kipande hicho kwa sababu ileile ya watayarishaji wa Paris: kinatikisa.

Nilipowawekea akazehe, mwanafunzi mmoja kutoka Muyinga alicheka. Alisema nyanya yake alikuwa akisalimiana hivyo na jirani. Nikampa kazi ya likizo: aandike maneno, ayatafsiri kwa Kiswahili, na aeleze nani alimwamkia nani, lini na kwa nini. Muyinga, mji ulio njiani kwenda mpakani Kobero, una wasemaji wengi wa Kiswahili, hivyo nilidhani kazi ingekuwa nyepesi.

Alirudi na mambo mawili. La kwanza lilikuwa la tafsiri. Kirundi humwamkia mtu kwa kumwombea: gira amahoro, uwe na amani, gira inka, uwe na ng'ombe. Kiswahili huamkia zaidi kwa kuulizia: hujambo, habari za nyumbani. Alipoandika "uwe na ng'ombe" wenzake walicheka. Alipobadili kuwa "uwe na neema" hawakucheka, lakini ng'ombe wakawa wamepotea, na pamoja nao historia nzima ya utajiri, mahari na urafiki. Darasa lilibishana saa nzima. Mwishowe tulirudisha ng'ombe na kuweka maelezo chini yake. Saa hiyo moja iliwafundisha ulinganishaji wa lugha kuliko mihadhara yangu mitatu.

La pili lilikuwa zito zaidi. Nyanya alikataa kuimba. Jirani aliyekuwa mwenzake alikuwa amefariki, na salamu ile, alisema, mtu hajisalimii peke yake. Mwanafunzi ikabidi ajifunze sehemu ya yule jirani, silabi kwa silabi, kwa siku kadhaa, ndipo nyanya akakubali. Rekodi aliyoleta kwenye simu ina kelele za kuku, na sauti yake inachelewa mara mbili tatu. Kama santuri haifai kitu. Kama kazi ya fasihi simulizi niliipa alama ya juu kabisa, maana ilikuwa na jina la mwimbaji, la mwenzake aliyefariki, la mahali, maneno kamili, tafsiri, na idhini ya nyanya ya kutumika darasani tu.

Kutokana na uzoefu huo napendekeza mambo matatu kwa walimu wenzangu. Kwanza, tusimsikilizishe mwanafunzi rekodi yoyote ya kimapokeo bila kumpa maneno yake, au kumtaka ayatafute. Pili, kila mwanafunzi anayekwenda nyanjani awe na karatasi yenye nafasi ya jina la fanani kabla ya nafasi ya jina la utanzu. Tatu, tafsiri ya Kiswahili isiyafiche maneno ya Kirundi. Yaandikwe pamoja, ng'ombe na wote.

Hitimisho

Wahenga walisema ngoma ivumayo haidumu. Hii imevuma tangu mwaka 1967, kwa mikono ya watu wengi, na imedumu. Katika kuvuma huko, kilichonyamazishwa ni kile ambacho Kirundi kilikuwa kimekiweka ndani ya kitenzi chake: kwamba ngoma husemeshwa. Watayarishaji wa Paris na London hawakukijua kitenzi hicho. Sisi tunakijua. Santuri ya Vuylsteke bado ni kazi ya thamani, na namshauri kila mwalimu aitafute na kuisikiliza yote, akianza na mnong'ono na maamkizi, na ngoma ziwe za mwisho. Akifika kwenye ngoma, awaulize wanafunzi wake swali moja tu: zinasema nini?